Mwalimu wa Gumbaru na Wiri wa Barodo

Mwalimu wetu wa gumbaru anaogopa kuku. Si jogoo mkali peke yake. Kuku yeyote, hata kifaranga. Naanza na hiyo ndio ujue nazungumza juu ya mtu, kwa sababu siku hizi hapa Kiamunyi ukimtaja, watu wanainamisha kichwa kama wako matanga. Na yeye yuko hai, anakula vizuri, na akisikia hizo sifa atawauliza mlikuwa wapi siku zile alikuwa anabeba ubao peke yake.

Gumbaru ni masomo ya watu wazima, ya jioni. Sisi tulikuwa tunasomea kwa holi ya mabati ya kanisa letu, saa zile watu wametoka kazini na jua bado halijaingia. Mimi nilikuwa nafunga duka langu la maziwa mapema, nanawa mikono vizuri harufu ya mala, yale maziwa ya kuganda, itoke, nachukua daftari za zamani za msichana wangu Faith zenye bado ziko na kurasa, naenda. Watoto wangu walikuwa wamekuwa wakubwa na mimi sikuwa najua kusoma. Namba nilijua, hizo biashara inakufundisha upende usipende. Lakini maneno, hapana.

Na kulikuwa na jambo moja lilikuwa linanikaa kwa roho. Kanisani kwetu, Jumapili ya akina mama, mama mmoja husimama mbele asome Neno. Kila mwaka waliniuliza, na kila mwaka niliwaambia wazi, mimi sijui kusoma, tafuteni mwingine. Mwaka huo nikawaambia, niwekeni mimi. Nitasoma.

Wakaniangalia.

"Mama Faith, uko na hakika?"

"Bwana akiwa upande wangu, na Mwalimu akiwa na chaki, nitasoma."

Chaki hiyo sasa. Mwalimu wetu alikuwa mwanamke mkarimu mpaka ukimsifu kwa sweta anaivua anakupatia, lakini chaki alikuwa anashika kama dhahabu. Kipande kikiwa kidogo namna gani, alikuwa anaandika nacho mpaka kucha zikwaruze ubao na sisi wote tusage meno. Kinachobaki anafunga kwa leso, anatia kwa mfuko wa sketi. Alikuwa mrefu, na kofia ya sufu kichwani hata wakati wa jua, na gambuti mguuni hata kiangazi. Ubao wake alikuwa anauleta na bodaboda, ameukumbatia kama mgonjwa. Ukimwita "mama" alikuwa anakukata hapo hapo: "Mimi si mama ya mtu hapa. Mimi ni mwalimu. Ukitaka mama rudi nyumbani."

Uongo hakuwa anataka kabisa. Soja wetu, yule analinda boma ya kanisa, alikuwa mwanafunzi kama mimi, na siku moja alikuja amechelewa akasema mvua ilimshika njiani.

"Mvua ya wapi?" Mwalimu akauliza.

"Ya huko chini, Madam."

"Hebu nishike koti yako." Akaishika. Ilikuwa kavu kama ugali wa jana. "Hiyo mvua ilikuwa inanyeshea majirani peke yao. Toka nje, uingie tena na ukweli."

Soja akatoka, akabisha mlango, akaingia akasema, "Nilikuwa nimelala, Madam."

"Karibu."

Sasa mtu kama huyo, anayechukia uongo hivyo, ndiye huyo huyo angekuangalia kwa macho akuapie kuna nchi inaitwa Barodo. Ukimuuliza iko wapi, anakuonyesha njia. Unapita Sachangwan siku ile ukungu umeshika, lori zinatembea na taa mchana, unaona njia ya kushoto ambayo jana haikuwa. Hiyo ndio. Ukimwambia umepita Sachangwan mara nyingi na hujaiona, anasema, "Ulikuwa umelala kwa gari. Watu wengi wamepita Barodo wakiwa wamelala."

Barodo haina mfalme, haina chifu, haina polisi. Iko na alama moja tu, na hiyo alama iko hai. Jina yake ni Wiri. Ni duara yenye miguu miwili mifupi, mkia umejikunja kama ule uzi wa maharagwe unapanda mti, na katikati jicho moja kubwa. Wiri hutembea kwa kuta. Leo yuko kwa nyumba yako, kesho kwa choo ya jirani. Hupata homa. Hapendi kuchorwa na rula, anasema inamfinya. Mtu wa Barodo akijifunza kitu chochote, hata kufunga kamba ya kiatu, Wiri ananenepa kidogo. Lakini mtu akicheka mwenzake kwa sababu hajui kitu, Wiri anageuka mgongo, anatoka, anaenda kukaa kwa ukuta wa nyuma wa zizi la mbuzi, na inabidi mji wote uende kumbembeleza.

Hiyo ndio ilikuwa dawa yake ya aibu. Kwa sababu mtu mzima akija gumbaru, kitu kinamsumbua si herufi. Ni aibu. Mimi mwenyewe jioni ya kwanza nilizunguka hiyo holi kama mtu anatafuta choo, nikiogopa mteja wangu anikute hapo.

Kwa hivyo kila jioni, kabla hajagusa somo, Mwalimu alikuwa anachora Wiri kwa kona ya ubao, na kila mtu anasimama anamsalimia na kumwambia kitu kimoja hajui. Hiyo ilikuwa sheria. Ukiingia, hata kama ni wewe umeleta maji ya kunywa, unasalimia na unasema.

"Wiri, habari yako. Mimi sijui kama hii ni b ama ni d."

"Wiri, niaje. Mimi sijui kwa nini ng'ombe iko na hako ka-alama hapo juu."

Na Mwalimu mwenyewe alikuwa anasema pia, wa mwisho: "Wiri, mimi sijui kuku anafikiria nini." Tunacheka, halafu tunaanza. Akishasikia kila mtu amesema, alikuwa anapangusa mikono na kusema ile maneno yake ya kila siku: "Hapa hakuna mjinga. Kuna watu wamechelewa kufika, na mimi pia nimechelewa." Na kweli alikuwa amechelewa, kwa sababu alikuwa anagombeza kila mtu juu ya saa na yeye mwenyewe alikuwa anasimama njiani kusalimia kila kibanda.

Mimi nimeokoka, na hilo jambo la alama yenye jicho lilinisumbua mwanzoni. Nililiombea. Halafu nikamuuliza wazi, "Mwalimu, hii kitu ni ya Mungu?"

Alikuwa anafunga chaki kwa leso. Hakuniangalia hata.

"Mama Faith, kwa duka yako ya maziwa kuna nini kwa ukuta?"

"Kuna ng'ombe."

"Anafanya nini?"

"Anacheka."

"Umewahi kuona ng'ombe akicheka?"

"Hapana."

"Na ulifunga na kuomba kabla ya kumchora?"

Kutoka siku hiyo nikasalimia Wiri na amani, na kusoma kwangu kukaanza kufunguka. Silabi zilikuwa zinakuja moja moja kama ng'ombe wanatoka kwa lango nyembamba. Jumapili ya akina mama ilikuwa inakaribia. Nilikuwa naweza kusoma mstari, nikijikwaa. Kama mambo yangeendelea hivyo, ningefika.

Halafu Soja akatuharibia, na alifanya kwa mapenzi.

Mafundi walikuwa wamepaka paa ya kanisa rangi nyekundu, wakaacha mkebe na kidogo ndani. Huko Barodo, kulingana na Mwalimu, mlango wenye Wiri amekaa ni mlango wa nyumba watu wanajifunza. Soja akaona, si na yetu pia ni nyumba kama hiyo? Jumamosi akachukua brashi, akachora Wiri kwa mlango wa holi. Na hakuchora kidogo. Kutoka juu ya mlango mpaka chini, mwekundu, jicho kubwa kama sufuria ya githeri.

Jumapili asubuhi tukikuja ibada, watu wamejaa hapo nje na hakuna mtu anataka kupita karibu.

"Hiyo ni ya Illuminati," vijana wa kwaya wakasema.

"Ni friimasoni. Jicho moja, si unaona?"

Mama mmoja akasema amesonga kushoto likamwangalia, amesonga kulia likamwangalia. Mwingine akaleta mafuta ya upako akaanza kunyunyizia mlango, na rangi haikuwa imekauka vizuri, kwa hivyo jicho likaanza kutoa machozi mekundu. Hapo ndipo watu walikimbia kabisa. Watoto wa Sunday school ndio walikuwa wamebaki, wakisema, "Wiri analia!" kwa sababu wazazi wao wa gumbaru walikuwa wamewasimulia nyumbani.

Mzee wa Kanisa akasikia hiyo jina. Huyu ni mwenyekiti wetu, mtu wa kofia na fimbo, mwenye haki kweli, lakini akishika jambo hawezi kuliacha. Akauliza, "Kumbe iko na jina?" Watoto wakamwambia yote. Barodo, jicho, kusalimia. Ukisikia ikisemwa na watoto ukiwa umesimama mbele ya hiyo kitu inatokwa na machozi, hata mimi ningeogopa.

Akaweka kufuli kwa mlango. "Gumbaru imefungwa," akasema. "Hatuwezi kulea hii kitu nyumbani mwa Bwana."

Nikamwendea. "Mzee, mimi nimewekwa kusoma Jumapili ya akina mama. Nikikosa masomo sasa, sitafika."

"Mama Faith, wewe ni mtu wa maombi. Utasoma ukifundishwa na hiyo?"

"Nafundishwa na Mwalimu, Mzee. Hiyo inasalimiwa tu."

Nilisema vibaya. Nilimwona akikaza mkono kwa fimbo.

Jumatatu jioni nilienda hata hivyo. Nilipata Mwalimu amefika, ameegemeza ubao kwa tangi ya maji, na Soja amesimama kando amenyong'onyea kama shati la mitumba. Mwalimu alikuwa ameangalia ule mlango, upande huu, upande ule.

"Soja."

"Madam."

"Mkia umekunja vizuri sana."

"Asante, Madam."

"Lakini kichwa yako, sijui nani alikunja."

Tukaketi kwa mawe, akachora Wiri kwa kona kama kawaida. Hatukuwa tumeanza wakati Mzee wa Kanisa alitokea kwa lango, na fimbo, na kitabu kwa kwapa. Alikuja mpaka mbele ya ubao akasimama. Mimi nikaanza kuomba kimoyomoyo, na sikujua naombea nani.

"Mwalimu," akasema, "sikuji kwa ubaya."

"Kwa darasa yangu mtu hasimami hivi hivi, Mzee. Anasalimia kwanza, na anasema kitu hajui."

"Mimi sisalimii hiyo."

"Basi zungumza nayo kwa hasira. Hata hiyo inakubalika."

Mzee akageukia ubao. Akainua fimbo, akaielekezea lile jicho kama anaongea na mwizi ameshikwa.

"Wewe!" akasema kwa sauti ya mimbari. "Mimi sijui kama wewe ni wa Mungu ama ni wa yule mwingine!"

Maji ilikuwa inadondoka kwa tangi.

"Vizuri sana," Mwalimu akasema. "Keti."

Soja ndiye alianza. Alijaribu kuzuia kicheko kikatokea puani. Halafu mimi, Bwana anisamehe, nikafunika uso na leso. Mzee akatuangalia, akaangalia ubao, akaangalia fimbo yake mwenyewe bado iko hewani. Unajua akafanya nini? Akaketi. Kwa jiwe, na suti yake. Akasema, "Fundisha basi nione."

Siku hiyo tulisoma mbele yake. Mimi nilisoma mistari mitatu nikitoka jasho, na Soja akasoma jina lake na la wanawe wote. Mzee alisikiliza mpaka mwisho. Akainuka, akapangusa suruali.

"Kufuli nitatoa," akasema. "Lakini hilo jicho lifungwe. Katika nyumba ya maombi watu hufunga macho. Hata hiyo ifunge."

Sisi tukaona ni neema. Lakini Mwalimu! Mwalimu akakataa katakata. Wiri hajawahi kufunga jicho, akasema. Wiri akifunga jicho, Barodo inakuwa giza, watu wanagongana kwa njia. Hawezi kubadilisha kitu kama hicho kwa sababu ya mlango. Akafunga chaki, akaita bodaboda, akaenda na ubao wake.

Sasa fikiria. Kufuli iko tayari kutoka, na tumekwama kwa sababu ya jicho la kitu ambacho hakipo. Mimi na Soja tukamfuata kwake kesho yake. Alikuwa amekaa ndani, mlango umefungwa, kwa sababu kuku wa jirani walikuwa wameingia kwa uwanja.

"Madam, si ni jicho tu?" Soja akamwambia kupitia dirisha.

"Ni jicho lako?"

"Si ni mimi nilichora?"

"Ulichora. Hukuliumba."

Nikamwambia, "Mwalimu, mimi sikuja kukuambia ubadilishe nchi yako. Nimekuja kukuambia tu kwamba siku ya kusoma inafika na ile neno refu, lile la 'walipokwisha', bado linanishinda. Jicho likiwa wazi ama likifungwa, mimi nahitaji mwalimu."

Akasema tu, "Fukuzeni hao kuku mkienda."

Tukawafukuza.

Jioni iliyofuata holi ilikuwa wazi, kwa sababu Mwalimu alikuwa amemwambia Mzee ana jibu la jicho, na yeye alikuwa ndani, amefika kabla yetu sote. Hiyo haikuwa imewahi kutokea. Mzee wa Kanisa alikuja pia, akakaa nyuma. Mwalimu akatusimulia habari mpya kutoka Barodo, na alisimulia na uso mkavu kabisa. Kuna mzee mmoja alitokea huko, na kofia na fimbo. Huyo mzee alikuwa akisimama mbele ya Wiri asubuhi, mchana na jioni, akimkodolea macho, akimuuliza wewe ni wa nani, wewe ni wa nani. Wiri akavumilia, akavumilia, mpaka akaona aibu, akafunga jicho. Na Barodo haikuwa giza! Watu wakangoja giza, haikuja. Ndipo wakajua kumbe mwangaza haukuwa unatoka kwa Wiri. Ulikuwa unatoka kwingine, na hata Wiri mwenyewe hakuwa anajua.

"Kwa hivyo," akasema, "siku za ibada anafunga. Anapumzika."

Mzee alicheka mpaka kofia ikaanguka. Soja akaenda na brashi, akafunga jicho la kwa mlango kwa mstari mmoja, akaongeza kope ambazo hakuna mtu alimtuma. Wiri bado yuko hapo. Watu wa kanisa zingine wakikuja harusi wanatuuliza ni mtoto gani huyo amelala.

Na mimi nilisoma. Nilisimama mbele na kitambaa changu cha kichwa cheupe, na nilisoma somo lote. Niliruka mstari mmoja, nikarudi nikauokota. Faith alilia. Mzee wa Kanisa alisema amina kabla sijamaliza, nikamwambia ngoja kidogo.

Mwalimu hakuwepo. Yeye ni mtu wa ibada ya Jumamosi. Jumapili ni siku yake ya kufua. Miaka yote alifundisha kwa holi yetu, aliwafanya wengi wetu kuwa wasomaji, na hakuna Jumapili hata moja aliingia ndani atusikie. Tulimwalika mpaka tukachoka. "Mungu wangu ananingoja Jumamosi," alikuwa anasema. "Akinipata kwenu Jumapili atashangaa."

Siku hizi anakaa Kabazi, kwa shamba la mdogo wake, kwa sababu magoti hayataki tena bodaboda. Mwezi uliopita nilimpelekea mala. Nilimpata nje kwa kiti, kofia ya sufu kichwani, ananyambua minji, zile njegere, kwa beseni. Mdogo wake amefungia kuku wote kwa ajili yake. Tuliongea juu ya magoti, juu ya bei ya mbolea, juu ya Soja ambaye sasa ni mzee wa nyumba kumi na anaandika ripoti ndefu ambazo hakuna mtu amemwomba. Halafu akaona kitabu kikichungulia kwa kiondo changu.

"Bado wanakuweka usome?"

"Jumapili ijayo, Mwalimu."

"Mimi sijawahi kukusikia."

"Ni wewe hukuja."

"Sasa nimekuja. Soma."

Nikapangusa mikono. Huwa nafanyia somo mazoezi wiki nzima, nikikamua maneno magumu moja moja pale dukani wakati hakuna mteja, kwa hivyo lilitoka vizuri. Yeye aliendelea na minji, vidole tu ndio vilikuwa vinatembea. Mara moja tu akanikatiza.

"Umeruka koma."

"Ni kidogo tu, Mwalimu."

"Imewekwa hapo upumue. Pumua."

Nikapumua. Nikasoma mpaka mwisho, nikafunga kitabu, nikangoja aseme kitu. Akatupa maganda kando.

"Endelea."

"Somo limeisha. Linaishia hapo."

"Nani amesema?"

"Ni vile wamepanga kanisani. Hiyo ingine sijafanyia mazoezi."

"Najua hujafanyia," akasema, na akachukua ganda lingine. "Fungua ukurasa unaofuata."

Ulikuwa umejaa juu mpaka chini, maandishi madogo, na hakuna mtu alikuwa amenionyesha hata neno moja hapo. Nikaweka kidole chini ya la kwanza. Nikapumua, nikaanza.